Kija na Kikombe cha Unga

Usiku ule tulikaa macho, Kija na mimi, tukisubiri habari za mume wake. Luhende alikuwa ametoka asubuhi kwa hasira na hakurudi. Kila mbwa alipobweka upande wa Mto Mirongo, Kija aliinuka. Mimi ni jirani yake, tunatumia ua mmoja, na moyo wangu haujui kutulia mtu akichelewa. Niliwaza ziwa, niliwaza magari.

Chanzo kilikuwa ugali.

Luhende alikuwa miongoni mwa watu waliopunguzwa kazini, na sasa alibeba mizigo kwenye kivuko cha Kamanga. Siku nyingine alikula hukohuko na wenzake, siku nyingine alirudi na njaa. Kija alimpikia kila siku, na mara nyingi asubuhi aliukuta ugali umechacha. Wakati huo maduka yalijaa kila kitu, lakini bei alipanga mwenye duka. Kija hakuwa mchoyo; nimemwona akimpa mpita njia sato mzima. Ila kumwaga chakula kulimuuma. Alijaribu kuwapa watoto kile kiporo, wakaharisha. Ndipo akaanza kupima unga kwa kikombe, kila mtu chake, na kuuliza mapema nani atakula.

Watoto walijibu bila kinyongo. Kosa lilikuwa kumuuliza Luhende, tena mbele ya rafiki yake Ngosha.

"Baba Antoni, leo utakula nyumbani?"

Ngosha akaangua kicheko. "Kumbe siku hizi unaomba nafasi kwenye sufuria!"

Luhende akachukua shati lake, akaondoka.

Kulipokucha akaja wifi yake Kija, Kashindye, kutoka Buzuruga. Alisema kaka yake, Luhende, alilala kwake. Kija akashusha pumzi, lakini Kashindye hakuja kupoza.

"Wifi, kwetu mwanamume haulizwi kama atakula. Anapikiwa."

"Na asipokuja?"

"Unamwaga."

"Wewe huko kwako unamwaga?"

Kashindye akakuna kichwa. "Mimi nina bata."

Kija akacheka huku machozi yakimtoka.

Nilimsihi aombe radhi yaishe. Mwanamume akizoea kulala kwingine, kumrudisha ni kazi, na watoto watatu hawaleleki kwa mikono miwili. Alikunja na kukunjua ncha ya khanga.

"Wifi, mwambie kumuuliza mbele ya Ngosha nilikosa. Anisamehe. Lakini unga nitaendelea kupima, na siwezi kumpimia mtu nisiyejua kama atakuja."

"Na hayo ya mwisho nimwambie?"

"Hayo hasa."

Kashindye aliondoka akitikisa kichwa. Niliona mwenzangu ameharibu, nikashindwa hata kula mchana.

Jioni nilikuwa nimekaa naye jikoni. Alipima vya watoto, akapima chake, kisha mkono ukabaki juu ya debe la unga. Akiacha, ni kama amekubali kuwa mtu hayupo. Akipima na asije, ni kumwaga tena.

Mlango ukagongwa.

"Hodi. Mama Antoni, umeshasonga?"

"Bado. Maji ndiyo yanachemka."

Nilimsikia Luhende akisafisha koo.

"Basi nihesabu."

Kija akaweka kikombe chini, akaenda kumfungulia.