Rangi Aliyosahau Kuandika

Wenzangu wakioa hupata mashemeji. Mimi nilioa, nikapata konokono. Si wa bustanini, wapi! Wa baharini, asiye na gamba, mdogo kama ukucha, na ndiye aliyeninyima mke wangu miaka yote hii.

Mke wangu ni mtaalamu wa wanyama wa baharini wasio na uti wa mgongo. Akiwa bado mwanafunzi, aliinua jiwe ufukweni maji yalipokupwa, akamwona huyo konokono, aina ambayo hakuna mtaalamu aliyewahi kuiandika. Kwa furaha akamtumbukiza papo hapo kwenye chupa ya spiriti. Lahaula! Spiriti hula rangi. Kila mtu wa kazi ile anajua: andika rangi kwanza, mnyama akiwa hai, ndipo umtie chupani. Hadi anafika maabara, konokono keshakuwa mweupe pe. Maelezo yakachapishwa hivyo hivyo: rangi haijulikani.

Yeye alikuwa nayo kichwani. "Zambarau," aliniambia, "lakini si zambarau hizi zenu." Mimi fundi cherehani, nikamletea kila uzi na kila kitambaa. Anakipeleka dirishani, anakunja uso. "Inakaribia, baba watoto. Siyo."

Alipanda cheo, akafundisha, akaandika vitabu kuhusu minyoo na majongoo ya baharini. Lakini maji yakipwa sana, hata siku ya harusi ya binti yetu, utamkuta ameinama kwenye mawe, nguo imelowa hadi kiunoni. Nikimgombeza anacheka. "Leo nahisi yupo." Nami nabaki na chai mbili mezani, namtamani mke ambaye sijafiwa naye. Sasa amestaafu, magoti yamegoma.

Juzi mwanafunzi wake wa zamani, siku hizi naye mtaalamu, alikuja na ndoo, jasho linamtoka. "Mama, nimempata! Hai!" Alipata wawili, na meno ya mmoja, ambayo ndiyo hutambulisha aina, ameshayapima kwa hadubini. Ndiye, hakuna ubishi.

Mke wangu akapiga magoti sakafuni, hayo hayo yaliyogoma, akachungulia ndooni.

"Ndiye," alisema, machozi yanamlengalenga. "Lakini rangi siyo hii."

Mgeni alipoondoka, alinishika mkono. "Niambie ndiyo hii, mume wangu. Sema tu, nitulie."

Jamani, nilitamani kusema ndiyo kuliko nilivyowahi kutamani kitu. Lakini rangi ile mimi sijawahi kuiona. Aliiona peke yake.