Rufaa Haikati Kufuli

Nakumbuka asubuhi waliyokuja kuifunga mashine ya kusaga ya baba yangu pale Kabasa, mjini Bunda, nami nikiwa msichana wa kumsaidia kupokea mahindi ya wateja. Nakusimulia leo, mwanangu, kwa sababu nimesikia halmashauri imekufungia banda lako la kubanika samaki huko Kigera, umekata rufaa, na sasa unatafuta mtu wa kukuvunjia kufuli. Kaa chini kwanza. Hasira ninayo na mimi, na yangu ni ya zamani kuliko yako.

Watu wa halmashauri walisema vumbi la unga linasumbua majirani. Majirani gani? Hao hao ndio waliokuwa wakipanga foleni mlangoni kwetu na madebe yao! Hakuna aliyemwita baba wala kumuuliza neno. Walitia kufuli lao, wakaandika IMEFUNGWA ukutani kwa rangi nyekundu, wakaondoka. Mashine ile ndiyo iliyokuwa ikitulisha na kutusomesha, maana shamba la kueleweka hatukuwa nalo.

Baba hakunyamaza, na hapo nampa sifa zake. Alifungua kesi, akashindwa. Akaenda Musoma kwa wakili, akarudi jioni anatabasamu kama bwana harusi.

"Tumeshakata rufaa," alituambia.

Sasa lisikilize hilo neno, kukata. Kwa baba, kitu kikishakatwa kimekatika. Aliamini kwamba ukikata rufaa umeikata ile amri yenyewe. Kesho yake alfajiri akashika nondo, akavunja kufuli. Mama alimsihi amuulize wakili kwanza.

"Niulize nini tena, Mama Nyangeta? Mimi nilikuwaga nasaga hapa hao wakiwa bado wananyonya. Amri imekatwa. Lete mahindi."

Jua halijapanda vizuri, mgambo wakawa mlangoni. Walimkamata baba kwa kuvunja amri, wakang'oa na mota ya mashine, eti ni kielelezo. Mota ya mtu, mwanangu, ikaenda kukaa nje kwenye uwanja wao, inanyeshewa. Baba akalala mahabusu na wezi wa kuku.

Na uchungu wenyewe ni huu: rufaa ile tulishinda. Jaji alisema amri ilikuwa batili tangu mwanzo, kwa kuwa mtu hafungiwi riziki yake bila kusikilizwa. Tukaanza kushangilia. Kisha akamtazama baba.

"Mzee, amri mbaya nayo ni amri mpaka mahakama iiondoe. Ungeomba isimamishwe wakati rufaa inasubiri, huenda ungekuwa unasaga siku zote hizi. Kwa nini hukuomba?"

Baba akatazama miguu yake. Sijapata kumwona mshindi mwingine akiinamisha kichwa vile.

Mota tulirudishiwa, imeganda kwa kutu. Fundi aliigongagonga, akafunga mkoba wake. Wateja walikwisha kuzoea mashine nyingine, na baba akaishia huko huko kuwabebea magunia kama kibarua. Shule yangu ikaishia hapo. Waliomwonea hakuna hata mmoja aliyelala mahabusu, na sitakudanganya kwamba nimewasamehe.

Kwa hiyo sikuambii mwenye nguvu mpishe. Huo ni ushauri wa waoga. Pambana nao mahakamani, na wakikushinda chini panda juu. Lakini kuuliza si ujinga. Rudi kwa wakili leo, umuulize kwa Kiswahili cha sokoni: "Je, naruhusiwa kufungua?" Akisema hapana, mwambie aombe mahakama iisimamishe hiyo amri, na kufuli usiliguse hata kwa kidole mpaka uruhusiwe. Sato wa leo wakioza utanunua wengine. Ukivunja, utakuwa umewapa kosa la kukushikia, watu ambao kosa lilikuwa lao.

Wanasema mvumilivu hula mbivu. Mbivu nyingine zinafika zimeoza, mwanangu, nimeziona kwa macho yangu. Mungu akupe hakimu msikivu, akuzuilie mkono wakati damu inachemka, na ushindi wako ukufikie ungali una kitu cha kufungua.