Herufi Ambazo Baba Aliapa Kutozitaja

Nilikuwa nimeshaanguka mtihani wa masafa ya redio mara moja. Nikianguka tena, chuo kingenifukuza. Kilichonishinda ni herufi: L, S, C, X, K. Wanajeshi wa zamani waliyapa masafa ya rada majina hayo bila kufuata mpangilio wa alfabeti, eti adui asielewe. Adui simjui, lakini mimi sikuelewa kitu.

Kilichoniuma zaidi ni kwamba mtu aliyezijua herufi hizo nilikuwa nakula naye meza moja, hapo nyumbani Waithaka. Baba alistaafu jeshini baada ya kukaa na rada maisha yake yote ya kazi. Nilipomwomba anifundishe, alifuta mdomo, akasema, "Niliapa."

"Uliapa hutasaidia mtoto wako?"

"Niliapa sitaongea mambo ya kazi. Soma vitabu zako."

Mimi hasira zangu ziko karibu. Jumamosi hiyo nilishuka mjini, nikapekua vitabu vikuukuu vilivyotandazwa kando ya barabara hadi nikapata kimoja cha rada, kurasa zimejikunja kwa kunyeshewa. Nikarudi nacho, nikakibwaga mbele yake, ukurasa wa jedwali ukiwa wazi. Herufi zote zilikuwemo, kila moja na masafa yake.

"Nani amewapa ruhusa waandike hii?" Baba akauliza.

"Baba, hii kitu iko kila mahali. Hata kwa simu iko."

Alivaa miwani, akapitisha kidole kwenye jedwali polepole, mstari kwa mstari. Nilikuwa nimejiandaa kumcheka. Badala yake nilimwonea huruma, mzee wa watu, amelinda mlango ambao wenzake walishaufungua zamani. Kisha akachukua kalamu yangu.

Alinifundisha alasiri nzima. L inafika mbali lakini haichambui vitu vidogo. X inachambua vizuri, ila mvua kubwa huisumbua. Alipofika K aliinuka, akaenda jikoni, nikamfuata, akafunua sufuria ya muthokoi, mahindi yaliyokobolewa na maharagwe, mvuke ukampanda usoni.

"Hii mvuke ndiyo inameza K," akasema. Ndiyo maana waliikata vipande: Ku chini yake, Ka juu yake. Alikuwa akicheka. Sikuwahi kumwona akiifurahia kazi yake, kwa kuwa sikuwahi kumsikia akiitaja.

Mama alikuwa amesimama kando ya jiko na mwiko mkononi. Sote wawili tulikuwa tumemsahau.

"Kumbe ni hiyo?" akauliza.

"Ni hiyo," Baba akajibu.

"Hiyo miezi yote ulikuwa unapotea, nikikuuliza ulikuwa wapi unaniambia kazini, ulikuwa unaangalia hiyo mashine?"

"Nilikuwa nimeapa, mama."

Mama alimnyang'anya kifuniko, akakirudisha juu ya sufuria. "Mimi nilijua uko na bibi mwingine," akasema. "Hata watoto wake nilikuwa nawaombea kanisani."

Baba alivua miwani. Mimi nilirudi mezani, nikakusanya karatasi zangu nikatoka nje.

Mtihani niliupita. Swali la pili lilikuwa la K, kwa nini iligawanywa. Nililijibu lote huku machozi yakidondoka kwenye karatasi, hadi msimamizi akaja kuniuliza kama ninaumwa.