Konokono Waliogoma Kula Ndizi

Kule Nyanchwa, waumini walikuwa wamekubaliana bila kikao chochote kwamba Mwalimu Celestine anakula konokono. Hakuna aliyemwona akitafuna. Lakini mtu mzima, mke wa mtu, sauti ya kwanza kwenye kwaya ya Sabato, afuge konokono kwenye mabeseni nyuma ya jikoni kwa sababu gani nyingine? Kuku hufugwa aliwe, ng'ombe hufugwa akamuliwe. Konokono ameshawekwa kwenye orodha ya najisi pamoja na nguruwe na kambare, kwa hiyo anayemfuga ana lake jambo, na jambo lenyewe bila shaka lina kitunguu na nyanya.

Celestine hakuwala. Aliwafundisha, na hilo ukimweleza mzee wa kanisa unamtisha zaidi.

Yalianzia Nyansiongo, kwa baba yake, ng'ombe walipoanza kukonda huku wanakula. Daktari wa mifugo akasema ni minyoo ya ini, na kwamba mnyoo huyo hukulia kwanza ndani ya konokono mdogo wa majini, kule kwenye madimbwi ng'ombe wanakonywea. Majirani wote wakauliza dawa ya kumuua konokono. Celestine, kwa kuwa alikuwa mwalimu wa baiolojia na hana adabu ya kuuliza maswali ya kawaida, akauliza: huyu konokono anataka nini? Ukijua kinachomfungua mdomo, si utamtegea kwa hicho hicho?

Basi akaokota wachache, akawabeba kwenye ndoo ya rangi hadi Nyanchwa, akaanza kusoma.

Aliyoyasoma yalimfanya acheke peke yake. Kumbe konokono ana ubongo mdogo, hata punje ya wimbi ni kubwa kuliko huo, na seli zake ni chache kiasi kwamba wataalamu wamezijua kadhaa moja moja, kama chifu anavyojua walevi wa lokesheni yake. Kuna inayosema, "Hapa pananukia chakula." Kuna zinazopiga mwendo wa mdomo: fungua, kwangua, meza, fungua tena. Na kuna moja ambayo kazi yake ni breki. Konokono akishiba, breki inakanyagwa. Umwekee kabeji puani, hafungui. Akiwa na njaa, breki inaachiliwa, na hapo hata kitu asichokielewa anakijaribu kwa ulimi. "Yaani ni nyinyi saa nne kabla ya uji," aliwaambia wanafunzi wake, nao wakakubali kwamba hiyo ni sayansi.

Halafu kuna somo. Mpe konokono mwenye njaa harufu ya ndizi mbivu pamoja na maji ya sukari, mara moja tu. Kesho yake mnusishe ndizi bila sukari: mdomo unafunguka wenyewe. Mara moja! Celestine amefundisha kidato cha tatu miaka mingi na hajapata mwanafunzi wa namna hiyo. Na ukigeuza, ukampa harufu hiyo hiyo pamoja na kitu kichungu, atafunga mdomo kila akiinusa. Hilo la pili Celestine hakulijaribu. Aliona ni kumchezea mtu shere.

Mumewe, Duke, anauza mabati na rangi mjini Kisii, na ndiye aliyekuwa wa kwanza kumtetea. Ndoo zilitoka dukani kwake. Waumini wakimtania barabarani, "Duke, supu ya leo ina pembe?" alijibu, "Njoo ule, shemeji, ubarikiwe." Celestine alipomwandikia Dakta Angwenyi, mhadhiri mmoja wa mbali anayechunguza konokono hao hao, na Dakta akajibu kwamba atakuja kuwaona, na kwamba wakifanya kweli anachosema Celestine basi ana nafasi ya shahada ya pili ya kumpa, Duke ndiye aliyemwinua juu pale jikoni mpaka kiatu kimoja kikaanguka.

"Nenda, Mwalimu wangu. Miaka miwili ni nini? Mimi nitajipikia."

"Wewe? Utakufa njaa mwezi wa kwanza."

"Basi nitanusa ndizi nifungue mdomo."

Celestine aliicheka hiyo wiki nzima. Alikuwa ameitamani nafasi hiyo tangu hajaolewa, na sasa ilikuwa inakuja kwa miguu yake yenyewe Jumapili asubuhi.

Ili waonyeshe somo lao, konokono sharti wawe na njaa. Kwa hiyo Ijumaa jioni aliondoa chakula chote, na Jumamosi wakafunga kama waumini wengine, pengine kwa moyo mweupe zaidi. Yeye na Duke walikwenda kanisani. Mama mkwe wake, Kwamboka, aliyekuwa amekuja kutoka Gesima kuwatembelea, akasema mguu unamsumbua, atasali nyumbani.

Jumapili ikafika. Dakta Angwenyi alikuwa mama mfupi mwenye buti za mpira, na hakutaka chai kwanza. Wakasimama wote nyuma ya jikoni. Celestine akachukua bomba la sindano, akadondosha maji ya ndizi mbivu polepole kwenye beseni la kwanza.

Konokono wakajikunja ndani ya magamba.

Akadondosha beseni la pili. Wakajikunja. La tatu, mmoja aliyekuwa akipanda ukingo alijiachilia akaanguka majini, pwaa, kama mchuuzi aliyesikia askari wa kaunti.

Mkono wa Duke ukamtua begani. "Pole, Mwalimu. Umejaribu. Si kila kitu kimeandikiwa mtu." Kisha, kwa Dakta, "Karibu ndani, kuku iko tayari."

Celestine alitaka ardhi immeze, na angekubali kuongozwa hadi kwenye kuku. Dakta ndiye hakusogea.

"Wape kabeji," alisema.

Celestine akadondosha maji ya kabeji. Midomo ikafunguka beseni zima, midogo, myeusi, ikikwangua maji kana kwamba imeahidiwa harusi.

"Wana njaa," Dakta alisema. "Hawaumwi. Hawajashiba. Ni ndizi tu ndiyo wanayoikataa. Mwalimu, uliwafundisha na uchungu?"

"Sijawahi, Dakta. Ni sukari tu. Alhamisi walikuwa wanafungua."

"Basi nyumba hii ina walimu wawili."

Duke akacheka, kicheko cha kuuza bati lenye kutu. "Aa, Dakta, hawa ni wadudu tu."

"Ni mimi," Kwamboka alisema kutoka mlangoni. Aliinua mkono kabisa, kama mtoto anayejua jibu. "Nimewaachisha jana. Mokamwana, mke wa mwanangu, usiniangalie hivyo, hiyo kazi imeshika vizuri ama haijashika?"

"Umewaachisha nini, Mama?"

"Ndizi! Hiyo konokono inakula ndizi kuliko mtu. Nikasaga ndizi na shubiri, nikamwagia wote, halafu nikabadilisha maji. Si ndivyo mtoto anaachishwa kunyonya? Unapaka shubiri kwa titi, ananyonya mara moja, anakuangalia, basi. Huyu Duke mwenyewe aliniangalia hivyo siku mbili, kisha akashika kikombe."

Dakta alikuwa anaandika kwa haraka kiganjani, akitabasamu peke yake kama mtu aliyeokota kitu.

Celestine alimwangalia mama mkwe. Hakuona ubaya wowote pale, aliona fahari tu. "Mama, nani alikuambia uwaachishe?"

"Si ni wewe? Duke alisema umechoka na hii kitu lakini unaona aibu kuacha, nikusaidie."

"Mama, hukunielewa," Duke alisema haraka. "Nilikuwa natania. Unajua mimi natania."

"Kutania?" Kwamboka alikasirika, kuitwa mzee aliyesikia vibaya hakukubali. "Wewe si ulikata shubiri mwenyewe Ijumaa, kabla jua kuzama, ukaiweka kwa chupa ili mimi nisifanye kazi Sabato? Hiyo pia ni kutania?"

Hilo la jua ndilo lililomwuma Celestine kuliko konokono wenyewe. Mtu aliyeharibu kazi yake kwa hasira angemwelewa. Huyu alichuchumaa bustanini Ijumaa na kisu, akilitazama jua, akihesabu utakatifu wa mama yake wakati anapanga kumvunja mkewe, kisha Jumamosi akakaa kwenye benchi kanisani akimsikiliza akiimba, akasema amina.

Dakta Angwenyi akakunja mikono. "Mimi sijaja kwa mambo ya nyumba. Nitasema langu. Mwalimu, wamejifunza mara mbili, na somo la pili limefuta la kwanza kwa siku moja. Mimi nahitaji mtu wa kunieleza hapo kuna nini kwenye ile breki. Nafasi ni yako ukiitaka. Nitakuwa kwenye gari."

Kwamboka naye, akianza kuelewa alichotumwa, alishika mguu wake na kuingia ndani.

Wakabaki wawili na mabeseni.

"Nilikuwa naogopa," Duke alisema. "Ukienda huko hutarudi. Nani hurudi Kisii akishakuwa msomi? Nilitaka ubaki tu, Celestine. Ni kwa sababu nakupenda."

Hakumwita Mwalimu. Celestine alikumbuka hajamsikia akitamka jina lake tangu mwaka uliopita.

"Ungeniambia, 'Usiende.' Neno moja tu."

"Ungebaki?"

Alilifikiria kwa haki, maana ndilo swali la kwanza la kweli alilokuwa ameulizwa na mtu huyu tangu barua ya Dakta ifike. Aliiona nyumba, kwaya, kidato cha tatu, na yeye mwenyewe akiwa mzee, akimwambia mtu kwamba kulikuwa na nafasi fulani lakini mume alimwomba.

"Ningebaki," alisema. "Hata nisingelalamika."

Duke alifungua mdomo, akaufunga.

Celestine akainama, akalinyanyua beseni la kwanza lililojaa, akaelekea kwenye gari la Dakta, maji yakimmwagikia kwenye nguo ya kanisani aliyokuwa amemvalia mgeni. Duke alimfuata hatua chache akinyoosha mikono amsaidie kubeba.

"Acha," Celestine alisema. "Nimeshika."