Mimi ni Kavira, Masika Iko

Muhuri ukigonga karatasi, tak, halafu kimya, halafu tak tena: hiyo ndiyo sauti iliyonirudisha utotoni wiki iliyopita, hapa Bunia, katika ofisi nilikokwenda kumwandikisha binti yangu. Hata wino wa buluu ulinuka kama ofisi ya direkta wa shule yetu ya msingi. Nilikuwa nimekasirika, na nitawaeleza kwa nini. Lakini kwanza turudi nyuma, kwa sababu hasira hii ilizaliwa zamani kuliko mtoto niliyekuwa nimembeba mgongoni.

Siye Wanande, majina yetu yanahesabu. Msichana wa kwanza wa mama ni Masika, wa pili ni Kavira, wa tatu Kavugho, na wavulana nao wana foleni yao. Hakuna kuchagua. Ukimtajia Mnande jina lako, amekwisha kujua ulizaliwa wa ngapi kabla hujaketi. Majirani zetu walikuwa na mambo yao. Rafiki yangu Acen, Mualuru ambaye watu wake walitoka Mahagi, alikuwa pacha. Aliyetangulia kutoka ni Apio, na Acen akawa wa nyuma, kwa dakika chache tu, jambo ambalo Apio hakumwacha alisahau hata wakati wa kugawana ndizi. Baba Tibasima, Muhema aliyetengeneza baisikeli kwenye kona, jina lake linasema "hawashukuru". Bibi yake aligombana na jirani, mtoto akazaliwa wakati huohuo, na tangu hapo kila alipoitwa kula, jirani alisutwa bila kutajwa. Tulicheka sana. Lakini nililionea wivu jina lile. Lilikuwa na kazi.

Langu lilinipa shida. Mimi ni Kavira, na nyumbani hapakuwa na Masika. Mimi ndiye niliyekuwa msichana mkubwa, nyuma yangu wavulana wawili wenye makamasi, basi. Hata hivyo soko zima, pale mama alipouza maharagwe na samaki wakavu, walimwita Mama Masika. "Mama Masika, habari ya asubuhi!" Na yeye anaitika vizuri kabisa, huku mimi nimesimama pale na beseni kichwani, mtoto wake wa kumzaa, nisiyetajwa na mtu.

Siku niliyomuuliza, tulikuwa tunachambua maharagwe. "Masika iko," alisema. Hakuinua macho. "Iko wapi?" nikauliza.

"Chambua."

Mtoto asiyepewa jibu anajitengenezea. Wenzangu shuleni waliponiuliza yaya yangu, yaani dada yangu mkubwa, Masika, yuko wapi, nilisema yuko Butembo, anasoma kwa masista, nywele mpaka mabegani, na siku moja ataniletea viatu vyekundu. Kila wiki Masika wangu aliendelea. Akapata baisikeli. Akajua Kifaransa kushinda mwalimu. Acen peke yake ndiye aliyenitazama kwa pembeni.

"Ule yaya yako atakuya siku gani? Toka mwaka jana tunangojea bile viatu!"

Nikachoka kumlisha Masika wangu uongo. Mwishoni mwa darasa la tano mwalimu wetu aliugua, akaja mwingine asiyetujua, akapitisha karatasi kila mtu aandike jina lake kwa ajili ya buleteni, ile karatasi ya matokeo. Nikaandika Masika, kisha Neema, jina langu la ubatizo. Sikukosea. Niliona kiti kiko wazi, nikakikalia.

Siku ya kutangaza matokeo wazazi walijaa uani. Direkta alisoma kwa sauti, na watu walipiga vigelegele hata kwa watoto wasio wao. Ikafika zamu ya darasa letu. "Wa pili: Masika Neema!"

Mama aliinuka. Aliinuka kutoka kwenye benchi mara moja, mkono mmoja kifuani, akatazama upande wa lango kana kwamba kuna mtu anaingia. Kisha akaniona mimi, natembea kwenda kupokea karatasi, natabasamu, utepe mweupe kichwani. Sijapata kuona uso ukijifunga namna ile.

Hakunipiga. Afadhali angenipiga. Alinishika mkono mpaka ofisini.

"Hii jina si yake. Toa."

Direkta alikuwa Mnande kama siye, mtu mpole. "Lakini Mama, huyu si binti yako wa kwanza? Naona mutoto amejirekebisha mwenyewe." Akacheka kidogo.

"Huyu ni wa pili. Anaitwa Kavira."

"Na Masika iko fasi gani?"

"Iko Butembo, mu udongo. Aliishi siku tisa." Mama aliweka kiganja juu ya buleteni yangu. "Direkta, siku tisa ni mutoto. Nilimunyonyesha. Alikuwa na jina. Kama huyu anaikamata, ule wangu atabakia nani?"

Direkta akavua miwani. Akachukua karatasi mpya, akaandika upya somo kwa somo, bila haraka, akaweka juu Kavira Neema, akagonga muhuri. Tak. Kisha akasimama, akampa mama ile karatasi kwa mikono miwili.

Tulirudi kwa miguu. Karibu na kwetu mama akasema: "Weye unazani Kavira ni jina ya kubakia nyuma. Bila weye, nani atajua kama kulikuwa mwingine? Kila mara banakuita, banamuhesabu." Nilikuwa na miaka kumi. Nilichosikia mimi ni kwamba sitachapwa. Nikaomba mandazi, akaninunulia.

Sasa turudi ofisini. Binti yangu wa kwanza, Masika, alikufa kwa homa akiwa na miezi minne. Nimesema mara moja, inatosha. Wiki iliyopita nilikuwa na wa pili mgongoni, na karani kijana mbele yangu.

"Jina?"

"Kavira."

"Na Masika wenu?"

"Alikufa."

Akaweka kalamu chini, akanitazama kwa huruma ile ninayoichukia. "Pole, dada. Basi huyu tuandike Masika, muanze upya. Mutoto abebe kilio cha nini?"

Mama mkwe wangu alikwisha kusema hivyohivyo. Shangazi ya mume wangu pia, na mama mmoja wa kwaya. Wote kwa sauti ya chini, kama watu wanaofunika chungu. Nikasimama.

"Kilio gani? Mimi ni Kavira toka nizaliwe. Sikubeba kilio, nilibeba yaya yangu, na hakuwa muzito! Andika vile nasema."

Mtoto akaamka mgongoni, akapiga kelele kunisaidia. Karani akaandika. Tak.

Pale, kwenye sauti ile, ndipo nilipomwona tena mama akiinuka uani. Zamani nilidhani aliinuka kwa hasira. Hapana. Hakuwa amesahau kwamba Masika amekufa, ila mwili wake uliitika kabla ya akili. Najua, kwa sababu na mimi jina lile likiitwa sokoni, kwa mtoto yeyote, shingo yangu inageuka yenyewe. Na jina nililolikimbia nilipokuwa na miaka kumi, leo nimempa mwanangu nikiwa nimeinua kichwa. Ni jina la mtu anayekuja akiwa na mwenzake.

Nilipotoka nje, jirani yetu alinikuta kwenye ngazi. "Mama Kavira, mumemaliza?" Alidhani ananifariji kwa kuliruka jina la Masika. Nikaendelea kutembea kama sikusikia. Akanifuata, kandambili zake zikipiga chini, akasita, akafikiri.

"Mama Masika?"

Nikageuka, na Kavira wangu mgongoni akageuka pamoja nami.