Siku Mama Feza Aliponishika Mkono

Siku yangu ya kwanza kazini, grefye mkuu hakunipa hata kiti. Alinipa kalamu, akanisimulia alivyotoka nyumbani kwake Rugenge asubuhi ile, kisha akataka nimsomee nilichoandika. Nilisoma kwa majigambo, maana Kifaransa changu cha shule kilikuwa kinang'aa. Mzee akatikisa kichwa.

"Iko muzuri, lakini minye sikusema hivyo. Andika chenye muntu alisema, hapana chenye weye ulielewa."

Grefye ni karani wa mahakama. Huandika yote yanayosemwa kikaoni, na hapa Uvira mara nyingi ndiye mkalimani pia. Miaka ya mwanzo niliandika kesi za mashamba ya bonde la Ruzizi. Baadaye nikahamishiwa mahakama ya kijeshi, kwa sababu kwetu polisi akishtakiwa na raia, huko ndiko anakohukumiwa. Raia wengi walifika mlangoni, wakaona magwanda, wakageuza. Siwalaumu.

Mama Feza hakugeuza. Alikuwa akiuza ndakala, dagaa wetu wa ziwani, kando ya barabara kule Mulongwe. Polisi mmoja alimwamuru aondoe meza yake, na alipouliza sababu, akamkunja mkono mpaka kifundo kikavimba. Kwa wiki kadhaa hakuweza kubeba hata beseni. Alichotaka ni mahakama iseme mbele ya watu kwamba alionewa, na yule polisi asirudi pale mezani.

Prezida wa mahakama, yaani jaji kiongozi, alitoka magharibi ya nchi, Kiswahili chetu hakukijua, hivyo alitegemea mdomo wangu. Katika kikao cha kwanza mama alisema, "Alinishika." Mimi, bila kufikiri, nikatafsiri na kuandika kwa Kifaransa kwamba polisi alimtia nguvuni. Nikafunga faili, nikaenda kula.

Kikao cha pili wakili wa polisi alisimama na karatasi yangu mkononi. Akasema mlalamikaji mwenyewe amekiri alitiwa nguvuni, na hiyo ni kazi halali ya polisi, basi kesi ifutwe. Nikamtafsiria mama.

Akaniangalia mimi, si wakili. "Nani alifungiwa mu kasho? Minye sikuona kasho hata siku moja. Nilisema alinishika."

Nilijua mara moja kosa ni la nani. Nilijua pia kwamba nikinyamaza hakuna atakayegundua, na nikisema, huenda nikarudi kulima. Nikasimama, nikamwambia prezida, "Mheshimiwa, mama alisema vizuri. Mimi ndiye niliyeandika vibaya."

"Basi aonyeshe," akasema prezida. "Akuonyeshe wewe."

Mama Feza akaja mezani kwangu. "Unisamehe, papa grefye," akasema, kisha akanikamata kifundo cha mkono, akakizungusha nyuma ya mgongo wangu. Nilitoa mlio ambao watoto wangu wangeucheka hadi leo.

"Sasa andika," akasema prezida.

Niliandika kwa mkono unaouma, kisha nikamsomea mama kila neno kwa Kiswahili kabla hajatia alama ya kidole. Yule polisi alipatikana na hatia na akahamishwa kutoka Mulongwe. Mimi nilipewa onyo kwa maandishi, na nililistahili.

Si kesi zote ziliishia hivyo. Nyingine zililala kwenye makabati mpaka walalamikaji wakachoka, na hilo linaniuma. Ila tangu siku ile hakuna mtu aliyetia kidole kwenye karatasi yangu kabla sijamsomea alichosema. Ninyi mnaoanza kazi hii, haitawachukua hata dakika kumi. Namshukuru grefye mkuu aliyenifundisha nikiwa sisikii, namshukuru na prezida ambaye hakunifukuza.

Siku hizi nimestaafu, na Jumamosi hununua ndakala. Mama Feza huniona nikiwa mbali, hufuta mkono kwenye kitenge na kuninyooshea.

"Papa grefye, leta mukono."

Nampa ule ule.