Jina la Kizungu la Tata

Juzi niliona kriketi kwenye televisheni, nikaizima kwa hasira. Tata, baba yangu, alikuwa mkata nyasi wa uwanja wa Wazungu pale Bukoba. Warushaji wao walipochoka, ndipo alipoitwa kurusha mpira. Alasiri moja nilipokuwa mtoto, nyasi mbichi zikinukia, mpira wake uliangusha vijiti vya mpigaji wa mwisho wa wapinzani wao, ta! Wakashinda. Wakaingia barazani kunywa chai, mimi na Tata tukabaki juani. Kombe likatolewa, jina la Kizungu la mrushaji aliyewapa ushindi likatajwa, makofi yakalipuka.

“Tata, hilo ndilo jina lako la Kizungu?” nilimwuliza kwa furaha.

Alikaza meno. “Niletee reki, mwanangu.”

Nilimletea huku nikimshangilia. Leo najua lilikuwa jina la bwana aliyechoka mapema, na sijawasamehe.